Keki Iliyobonyea

Verna alifungua tena mlango wa oveni, akachungulia, kisha akaufunga polepole kama mtu anayetoka chumba alicholala mtoto mchanga. Kila mtu mjini Brunsvold, hata yule asiyeweza kuchemsha yai, anajua kwamba keki haichunguliwi, isije ikabonyea. Keki ni kama mchungaji aliyeingia msalani: ina haki ya kuachwa peke yake mpaka imalize.

Lakini asubuhi hiyo mikono ya Verna ilikuwa haimsikilizi. Ilifuta sinki ambalo lilikuwa kavu. Ilipanga vijiko, ikavipangua. Ilisogeza pazia, ikangoja macho yaitazame barabara yenye theluji, ikalirudisha pazia mahali pake. Halafu hiyooo, ikarudi tena kwenye mpini wa oveni.

Kosa lilikuwa la simu. Jana dada yake, Marlys, alikuwa amepiga, na Marlys hakuwa amempigia tangu mama yao azikwe, miaka sita iliyopita. Aliongea kama mtu anayesoma tangazo la kituo cha treni. Nyumba yake imeuzwa. Anahamia Arizona kwa mwanawe, anaondoka kesho yake, yaani leo.

"Nitapita asubuhi nikuachie bakuli lako la saladi," alisema. "Siingii ndani. Gari nitaliacha linaunguruma."

"Sawa," alijibu Verna, kisha akabaki ameshika simu iliyokwisha kukatwa.

Marlys alikuwa na miaka sabini na minne, na moyo unaosukumwa na betri. Jangwa la Arizona halirudishi watu wa namna hiyo, linawakausha tu huko huko. Kama leo asingevuka kizingiti akakaa, basi asingekaa tena. Ndiyo maana Verna alikuwa ameamka na kuoka.

Alioka keki ya kahawa ya mama yao. Ndani yake hakuna hata tone la kahawa. Huitwa hivyo kwa kuwa huliwa na kahawa, na hapa kumpa mgeni kahawa tupu ni sawa na kumwonyesha mlango. Marehemu mume wa Verna, Dale, aliyetoka Texas, siku yake ya kwanza ukweni alikipekua kipande chake kwa uma kama askari anayekagua mzigo mpakani, kisha akamuuliza mama mkwe kwa upole kama kahawa alisahau kuitia. Mama mkwe alipona, lakini si kabisa.

Verna aliitengeneza kwa namna ile ile ya zamani. Alikatakata siagi baridi ndani ya unga wa ngano, sukari ya kahawia na mdalasini, kisha akaifikicha kwa ncha za vidole hadi ikawa chenga. Viganja havitakiwi, kwa sababu vina joto, na siagi ikiyeyuka chenga hugeuka tope. Chenga nzuri hazilingani: nyingine kama punje za mchele, nyingine kama maharage. Marlys tangu utotoni alikuwa mwizi wa chenga mbichi. Alikuwa akizichota bakulini mama akigeuka, na mama akigeuka tena anamkuta anatazama dari kama malaika wa kwenye kadi ya Krismasi. Verna alimwaga nusu ya ujiuji mzito wa mayai na maziwa mgando kwenye trei, akatandika chenga, akamwaga nusu iliyobaki, akaufunika juu kwa chenga zaidi. Hadi hapo hapakuwa na kosa. Kosa lilikuwa mlango.

Mlango mwingine, wa nje, ukagongwa. Alikuwa Arvid tu, jirani mwenye mashine ya kurushia theluji na masikio makubwa ya kupokea habari.

"Njia yako imezibwa," alisema Arvid akikung'uta buti zake kwenye zulia. "Nataka kuisafisha. Mmh. Kunanukia."

"Kahawa?"

"Ah, hapana. Nimeshakunywa nyumbani."

"Ipo tayari lakini."

"Usijisumbue, mama."

"Nusu kikombe tu, Arvid."

"Haya basi, kama itamwagwa bure."

Akavuta kiti, akanywa vikombe viwili vilivyojaa. Hivyo ndivyo mambo yanavyokwenda hapa, wala hakuna aliyewahi kuyaandika popote. Mtu hukaribishwa mara tatu. Ya kwanza hukataa kwa adabu, ya pili hukataa kwa huruma, ya tatu hukubali kwa shingo upande hata kama anakufa kwa kiu. Anayekubali mara ya kwanza ni mlafi. Anayeuliza mara moja tu akanyamaza, huyo hakutaka kukupa.

"Anakuja Marlys," Verna alisema.

Arvid aliteremsha kikombe. Kwa Arvid, huko ni kupiga kelele. "Marlys? Huyu Marlys wetu?"

"Anapita tu. Anahama."

"Mmh." Alifikiri. "Basi ngoja nikasafishe njia mpaka mlangoni. Asije akapata kisingizio." Alisimama, akanusa. "Umefungua oveni?"

"Sijafungua."

"Inanukia kama imefunguliwa."

"Arvid, nenda kasafishe njia."

Alipotoka, Verna aliitoa keki. Ilikuwa imepanda vizuri, rangi ya asali iliyoungua kidogo, chenga zimekaza juu yake. Aliiweka mezani. Ndipo, mbele ya macho yake, katikati ya keki kukashuka. Kulishuka bila haraka, kama mzee anayejiteremsha kwenye kiti chake kipenzi, na chenga zote za kando zikateleza kufuata. Mwishowe palibaki shimo ambalo lingeweza kupokea ngumi ya Arvid.

Verna hakulia. Alikuwa ametumia maisha yake akiosha mabirika ya kahawa kwenye chumba cha chini cha kanisa la Kilutheri. Amezika watu wengi kuliko mchungaji, tena akiwa amesimama nyuma ya birika, na ameona keki mbaya zaidi zikiliwa na watu wenye huzuni bila malalamiko. Alichukua kisu. Alikata pembeni, palipoiva, akapata vipande vichache vya kutazamika, akavipanga kwenye sahani. Trei yenye shimo aliigeuza ikatazama ukuta, ikatafakari ilichofanya.

Sahani aliiweka katikati ya meza, kisha akaishika meza yenyewe kwa mikono miwili.

Meza ndiyo iliyokuwa ugomvi. Ilikuwa ya mama yao, ya mwaloni, nzito kama deni la serikali. Siku ya kuhamisha vitu vyake baada ya mazishi, Verna alimuuliza dada yake, "Unaitaka meza ya mama?" Marlys, kama mtu aliyelelewa vizuri, akajibu, "Hapana, chukua wewe." Hapo Verna alitakiwa aulize tena, na tena. Lakini Dale, yule wa Texas, alikuwa ameshashika miguu miwili ya meza. "Kasema hapana, si ndiyo?" akasema kwa furaha. "Verna, shika huko!" Naye akashika huko. Marlys alikuja kwenye mazishi ya Dale miaka mitatu baadaye, akakaa benchi la nyuma, akaondoka bila kula. Mjini Brunsvold watu wametangaziana vita kwa maneno machache kuliko hayo.

Gari likasimama nje. Halikuzimwa.

Verna alifungua mlango kabla haujagongwa, jambo ambalo ni haraka isiyo na heshima. Marlys alikuwa amesimama kwenye ngazi na koti lake la safari, amelikumbata lile bakuli. Alikuwa amekonda. Mikononi mwake glavu zilionekana kubwa kuliko mwenye glavu.

"Bakuli lako," alisema Marlys.

"Ahsante," Verna alisema akilipokea. "Hukuwa na haja."

"Ni lako."

"Baridi imezidi leo."

"Imezidi."

Baada ya hapo hapakuwa na cha kuzungumza zaidi ya jambo lenyewe. Upande wa pili wa ua Arvid alikuwa ameinama juu ya mashine yake, anavuta kamba, inakohoa, inakataa.

"Ingia kidogo," alisema Verna.

"Hapana. Gari linaunguruma."

Ya kwanza. Verna aliendelea. "Kahawa ipo tayari. Nimeoka keki."

"Usijisumbue. Safari ni ndefu."

Ya pili. Marlys alikuwa hajageuka. Alikuwa amesimama vilevile, kidevu kimeinuliwa kidogo, anangoja. Verna akavuta pumzi, akasema ile ya tatu, yote, kutoka moyoni: kwamba aingie hata kwa nusu kikombe. Na wakati huohuo mashine ya Arvid ikawaka.

Ilinguruma kama mwisho wa dunia. Theluji iliruka juu ikaanguka kwenye ua kwa mkupuo. Marlys aliona midomo ya mdogo wake ikicheza, kisha ikifumba. Alingoja. Verna naye alingoja, kwa kuwa alikuwa ameshauliza mara tatu, na wa kujibu hakuwa yeye. Kisheria kila mmoja wao alikuwa na haki kamili. Marlys alikuwa amekaribishwa mara mbili na kuachwa. Verna alikuwa amekataliwa mara tatu, ya tatu kwa ukimya. Mbele yao Arvid, mtu mwema, alisafisha njia ya kuingilia kwa bidii, akiwaangamiza.

Marlys akatikisa kichwa, kidogo tu. Akageuka. Akashuka ngazi ya kwanza akishika reli.

Hakuna mtu hapa anayekaribisha mara ya nne. Mara ya nne ni kuomba, na watu wetu ni afadhali wafe kwa njaa mezani kuliko kuomba chumvi. Verna alisimama na bakuli mikononi, akaona kisogo cha dada yake, nywele nyeupe zikitoka chini ya kofia, na ngazi ya pili, na gari.

"Marlys!" alipiga kelele. "Nataka uingie!"

Mashine ikazimika ghafla. Arvid aliizima mwenyewe, akabaki ameduwaa kana kwamba amesikia mtu akitukana kanisani.

Marlys aligeuka. "Umesemaje?"

"Nimesema nataka." Verna alishusha sauti sasa, kwa kuwa hapakuwa tena na mashine ya kuishinda. "Sikukaribishi tena. Nataka uingie ndani ukae."

"Unataka?"

"Ndiyo, nataka."

Marlys alimtazama. Halafu akamtazama Arvid, ambaye haraka sana alianza kukagua anga.

"Basi," alisema Marlys. "Nusu kikombe. Sivui koti."

Alikaa kwenye kile kiti cha upande wa dirisha, cha kwake tangu walipokuwa wadogo, bila kuonyeshwa. Hakuvua koti, alifungua vifungo tu. Aliitazama sahani, kisha trei iliyokuwa imegeuziwa ukuta.

"Umefungua oveni," alisema.

"Kidogo."

"Mama angekuchapa."

"Angeanza na wewe. Kuna chenga mbichi zimebaki bakulini, usiniambie hujaziona."

Marlys hakucheka, lakini shavu lake moja lilifanya kitu. Aliivua glavu, akaweka kiganja juu ya meza. Alikiacha hapo.

"Uliniuliza mara moja tu, Verna."

"Najua."

"Moja."

"Najua. Na uso wako niliuona, si kwamba sikuuona." Verna alimimina kahawa, ikamwagika kidogo kwenye kisosi. "Unaitaka meza?"

"Hapana."

"Unaitaka meza, dada?"

"Hapana, acha hizo."

"Marlys. Unaitaka meza?"

Marlys alichungulia dirishani. Huko nje Arvid alikuwa ameingiza mkono kwenye gari la Marlys, akageuza ufunguo, akaondoka akitembea kwa ncha za buti kama mwizi. Mngurumo ukakatika. Wote wawili waliusikia ukikatika.

"Haiingii garini," alijibu Marlys, na mjini Brunsvold hiyo si ndiyo wala si hapana.

Wakala. Waliongea juu ya goti la Marlys, juu ya mchungaji mpya anayehubiri akitembea huku na huko kama kuku, juu ya nani ameuza ng'ombe. Kikombe kile cha nusu kilijazwa, kikajazwa tena. Koti lilishuka mabegani likakaa kwenye mgongo wa kiti. Mdalasini ulikuwa umeshika pazia, nywele, kila kitu.

Kwenye sahani kikabaki kipande kimoja.

"Malizia," alisema Verna.

"Mimi? Malizia wewe."

Kipande cha mwisho hakina mwenyewe, na sahani ikiwa tupu mgeni hana budi kusimama na kuaga. Marlys alichukua kisu, akakikata katikati, akala nusu yake. Verna akaikata ile nusu iliyobaki, akala robo. Marlys akaikata robo iliyobaki, naye akala. Sasa kilichobaki kilikuwa na ukubwa wa stempu, chenga mbili zikining'inia ukingoni.

"Haya, hicho chako," alisema Verna.

"Ah, siwezi. Nimeshiba."

Marlys akakivuta kisu karibu tena, akainamisha kichwa, miwani ikateleza puani, akaanza kutafuta katikati ya kile kilichobaki.