Riba Hula Kwanza

Nilianza masomo ya jioni nikiwa na miaka arobaini na minane, kwa sababu nilichoka kusomewa barua zangu na watu wengine. Mchana kutwa nilikuwa napiga pasi mashuka kwenye chumba cha kufulia cha hospitali. Saa kumi na moja jioni nilikuwa nimeketi kwenye dawati la watoto, magoti yakigonga ubao, daftari mbele yangu. Kabla ya kulifungua niliomba. Nilimwomba Mungu anipe akili ya kuelewa. Sikuwahi kumwomba anichagulie cha kuelewa.

Tulikuwa wanafunzi tisa. Nyuma yangu alikaa dereva wa lori, aliyetuita sote watoto wenye mvi. Mwalimu alikuwa karani wa hesabu kwenye kinu cha unga, mtu mwembamba asiyecheka, na kwa kuwa hakukubali jibu lililokosea hata kwa senti moja tulimwita Mwalimu Senti. Alijua, na hakujali.

Tulipofika kwenye asilimia, alitutaka kila mmoja alete karatasi yoyote ya nyumbani yenye alama ile. Dereva alileta kopo la maziwa ya unga. Mimi nilileta barua ya benki.

Barua yenyewe ilikuwa imeingia kwetu kama mgeni mwenye zawadi. Binti yetu wa mwisho, tunayemwita Kitinda, alikuwa amepata nafasi kwenye chuo cha uuguzi. Ada ilikuwa milioni moja na nusu, yote kwa mkupuo, mwisho Ijumaa ya wiki iliyofuata. Asiyelipa, nafasi yake inakwenda kwa mwingine. Tulikuwa tumegonga kila mlango. Kaka yangu alisema mwaka umemkalia vibaya. Kwenye kikundi changu cha kuweka na kukopa nilikuwa bado nadaiwa. Mume wangu ni fundi mwashi, na tajiri aliyemjengea ukuta alikuwa anampiga kalenda mwezi wa tatu sasa.

Ndipo benki ikaandika. Walisema sisi ni wateja wazuri, kwa hiyo wako tayari kutuongezea milioni moja na nusu juu ya mkopo wetu wa nyumba, taslimu. Malipo ya mwezi yangebaki yaleyale, laki mbili na elfu sabini na saba, bila kuongezeka hata senti. Ila muda tu ndio ungesogea. Ilikuwa imebaki miaka kumi na sita. Sasa ingekuwa ishirini na sita.

Mume wangu aliibusu ile barua. "Mama watoto," alisema, "umeona? Mungu hana choyo."

Nikasema amina.

Mwalimu Senti aliisoma mara mbili. Akauliza tulikopa kiasi gani, lini, na kwa riba gani. Nikamjibu: milioni ishirini, miaka tisa iliyopita, asilimia kumi na tano kwa mwaka, tulipe kwa miaka ishirini na mitano.

"Mama, unaweza kubaki kidogo baada ya kipindi?"

"Kama ni mabaya sema hapahapa, mwalimu. Hawa ni ndugu zangu."

"Sema tu," dereva akadakia. "Mbona maziwa yangu umeyaanika mbele za watu?"

Mwalimu akanipa chaki na kunisimamisha ubaoni. Asilimia kumi na tano ya milioni ishirini? Nikapiga: milioni tatu kwa mwaka. Gawanya kwa miezi kumi na miwili. Laki mbili na nusu. Mwezi wa kwanza kabisa mlilipa ngapi? Nilikumbuka vizuri, maana siku ile tulivaa nguo za kanisani kwenda kulipa: laki mbili na elfu hamsini na sita.

"Toa."

Nikatoa. Elfu sita.

"Hiyo elfu sita ndiyo iliyopunguza deni lako," alisema. "Nyingine yote ni riba. Riba hula kwanza, mama. Deni lenyewe hupewa makombo."

Dereva akasema kwa sauti ya chini: "Elfu sita? Hata tairi la baiskeli hupati."

Mwalimu hakuwa amemaliza. Alitaka kujua kwa nini mwanzoni tulilipa hamsini na sita na sasa ni sabini na saba. Nikamweleza. Mwaka wa tano mume wangu alianguka kutoka kwenye jukwaa la ujenzi, akavunjika nyonga. Benki wakatuambia tupumzike miezi sita, tusilipe kitu. Tulipoanza tena malipo yalikuwa yamepanda. Nilidhani vitu vimepanda bei tu, kama sukari.

"Riba ya ile miezi sita alilipa nani?"

"Walitusamehe."

"Walitamka hivyo? Kwamba wamewasamehe?"

Nilifikiri. Hapana. Walisema, pumzikeni.

Akaandika mwenyewe ubaoni. Riba ya miezi sita, milioni moja na nusu na ushee. Haikusamehewa. Ilibebeshwa juu ya deni, na kuanzia siku hiyo nayo ikaanza kuzaa riba yake.

Nilirudi kwenye dawati nikakaa. Lazima niseme jambo hili, ingawa naona haya. Mwaka ule wa ajali nilisimama kanisani nikatoa ushuhuda. Nilisema Mungu amegusa mioyo ya wenye fedha, wametupumzisha bila sisi hata kuomba. Watu walipiga makofi. Familia mbili za mtaani kwetu, zilizokuwa na mikopo kwenye benki ileile, zilitoka na ushuhuda wangu zikaenda kuomba mapumziko kama yetu. Nilimshukuru Mungu hadharani kwa kitu ambacho benki iliniuzia, na kwa bei mbaya. Mpaka leo sijapata maneno ya kuwarudia wale watu.

Nyumbani nilitoa kwenye sanduku taarifa zote za mkopo tulizowahi kupewa. Zilikuwa zimekunjwa vizuri, hazijasomwa. Jumla ya tuliyokwisha kulipa: milioni ishirini na saba na laki mbili. Chini kabisa, kwenye mstari ambao sikuwahi kujua kazi yake, palikuwa na deni lililobaki. Nililisoma kwa kidole, tarakimu moja moja. Milioni ishirini, laki moja na elfu kumi na saba.

Mume wangu hapendi hesabu za karatasi. Jumamosi asubuhi nilimkuta nje akinoa mwiko wake, nikamwambia. Akacheka.

"Nyumba hii nimeijenga mimi. Naijua kila tofali lilipolala na lilikula pesa ngapi. Usiniambie mambo ya ubaoni. Nionyeshe ukutani tumelipa mpaka wapi."

Akachukua chaki yake ya kazi, akasimama mbele ya ukuta wa sebule, kwa nje.

"Tumelipa milioni ishirini na saba, si ndiyo? Nyumba yote ilikula ishirini. Basi tumeshapita paa, tunadai chenji." Akanyoosha mkono juu ya linta, ule mkanda wa zege juu ya dirisha. "Nipige hapa?"

"Shusha."

Akashusha mpaka kwenye linta. "Hapa?"

"Shusha."

"Aa, mama watoto, acha utani." Akashusha mpaka chini ya dirisha. Alikuwa bado anatabasamu. "Kizingiti cha dirisha. Nimekuhurumia."

"Shusha, baba."

Akapiga goti, la upande mzima, na kushikilia ukuta kwa sababu ya nyonga. Chaki ilikuwa kwenye kozi ya kwanza, mstari wa chini kabisa wa matofali. Tabasamu lilikuwa limekwisha. "Sasa hapa ni jamvi, zege la sakafu. Ina maana tumelipia msingi tu? Miaka tisa, msingi?"

"Shusha."

"Hapa ni udongo."

"Najua. Shusha. Tulikopa milioni ishirini. Leo tunadaiwa ishirini na laki moja. Hata msingi hatujaanza kuulipa. Tuko chini yake."

Alibaki amepiga goti vilevile, chaki mkononi, akitazama ardhi kana kwamba kuna mtu amemwita kutoka huko. Nilitaka kumshika bega nikaogopa. Mwishowe aliitia chaki mfukoni. Ukuta haukupata alama yoyote.

"Na hii barua mpya?" aliuliza.

Nilikuwa nimeipigia hesabu kurasa nne, na Mwalimu Senti alikuwa ameihakiki. Miaka kumi ya nyongeza ni miezi mia moja na ishirini. Kila mwezi laki mbili sabini na saba. Milioni thelathini na tatu.

"Wanatupa moja na nusu," nilisema, "wanachukua thelathini na tatu. Wewe una hamsini na minne. Utamaliza ukiwa na themanini."

"Nitakuwa napanda jukwaa na mkongojo," alisema, lakini hakucheka. Kisha akainuka taratibu akishika ukuta wake. "Nimesikia. Nimeelewa hata kuliko unavyodhani. Sasa niambie, ada ya mtoto inatoka wapi?"

Nikalifunga daftari langu.

"Basi nitasaini. Mgongo ni wangu. Mtoto asome."

Ila sahihi yake peke yake isingetosha. Nyumba ya familia haiongezewi mkopo bila ridhaa ya mke, na mstari wa mke ulikuwa pale kwenye fomu iliyokuja na barua, mtupu, unaningoja mimi.

Kuanzia Jumamosi hadi Alhamisi niliomba kama sijawahi kuomba. Nilifunga siku mbili. Niliomba tajiri wa mume wangu amlipe. Hakumlipa. Niliomba nipewe ishara, nikaona aibu, kwa sababu hesabu nilikuwa nimeshapewa, na nilikuwa nimeiomba mwenyewe.

Alhamisi tulikwenda benki. Dada wa mikopo alikuwa msichana mstaarabu, wa rika la mwanangu wa kwanza. Alitukaribisha viti, akatuita baba na mama, akaulizia nyonga. Akatandaza fomu.

"Mama atasaini hapa, baba hapa. Dakika tano tu, kesho asubuhi pesa ipo."

"Nitajie jumla," nilisema. "Ya yote tutakayolipa kuanzia leo mpaka siku ya mwisho."

"Malipo ya mwezi hayabadiliki, mama."

"Hayo nimeyasoma. Nataka jumla."

Akamtazama mume wangu. "Wateja wengi hawaulizi hiyo."

"Mimi nauliza."

Akabonyeza kompyuta, na mashine ikatoa karatasi moja. Milioni themanini na sita na laki nne. Ndiyo jumla iliyokuwa kwenye kurasa zangu nne; Mwalimu Senti hakukosea. Mume wangu aliisoma karatasi yote, akaiweka chini polepole, akachukua kalamu na kusaini. Kisha akaisukuma fomu upande wangu.

"Na mtu akilipa zaidi kidogo kila mwezi, badala ya kuongeza miaka?" nilimuuliza yule dada. "Ile ziada inakwenda wapi?"

"Inapunguza deni lenyewe moja kwa moja. Ukianza mapema inasaidia sana."

"Mbona hilo hamkutuandikia barua?"

Akageukia kompyuta yake kana kwamba jibu liko humo. Sikumchukia. Na yeye alikuwa na watu waliomwajiri.

Nilishika kalamu. Nilifumba macho kidogo, wakadhani nimechoka. Nilipoyafumbua niliilaza kalamu juu ya fomu.

"Sisaini."

Njiani mume wangu alitangulia, akichechemea haraka kuliko nilivyojua anaweza. Tulipokaribia nyumbani ndipo aliponingoja.

"Umeniaibisha mbele ya yule mtoto."

"Ulisaini huku unajua."

"Nilisaini kwa sababu najua. Ningekuwa sijui ningesaini nikicheka, kama zamani."

Kitinda alikuwa sebuleni. Alikuwa ameazima begi la magurudumu kwa jirani, na nguo zilikuwa tayari ndani, zimepangwa kama chuo kilivyoagiza: blauzi nyeupe tatu, soksi nyeupe jozi tatu. Alitutazama usoni, mmoja baada ya mwingine.

"Mmesaini?"

"Baba yako amesaini," nilisema. "Mimi nimekataa."

Nikafungua daftari. Nilikuwa nimejiandaa. Nilitaka aone mwenyewe kwa sababu ana akili kuliko sisi wote. Nilijua angeelewa kwa dakika moja kilichonichukua mimi wiki nzima. Nikamwonyesha ile thelathini na tatu, niliyoizungushia kalamu nyekundu. Nikamwambia tutaweka akiba, mwakani ataomba tena.

Hakutazama daftari.

"Mwakani nina uhakika gani wa nafasi?"

"Tutaomba, mwanangu."

"Mama, wewe umeanza shule mwaka jana," alisema. Hakupaza sauti. Afadhali angepaza. "Ungeningoja mimi nimalize ya kwangu, ndipo uanze ya kwako."

"Kitinda!" baba yake akasema. "Chunga mdomo. Huyo ni mama yako."

Lakini alisema akitazama dirishani, na nilijua kwamba na yeye alikuwa amewaza hivyohivyo njia nzima.

Kitinda akapiga magoti kando ya begi, akaanza kutoa blauzi moja moja na kuziweka juu ya kiti. Nilisimama na daftari langu limefunguka. Kila tarakimu mle ilikuwa sahihi; nilikuwa nimezikagua zote mara tatu. Nikaanza kuomba kimoyomoyo, nikafika kwenye neno la kwanza, nikashindwa kujua niombe lipi: kwamba siku moja aelewe, au kwamba asije akaelewa kamwe.