Barua ya Saa Tisa

Siku barua ilipofika, Bonaventure alikuwa amekaa kwenye ngazi za depo ya samaki karibu na bandari, kipande cha barafu amekibana kisogoni. Watu wa depo walikuwa wamemzoea. Tangu arudi, kila umeme wa bwawa la Bendera ulipokuwepo na mashine ikatoa barafu, alikuja asubuhi, akasimama kati ya yale mapande marefu yanayopakiwa pamoja na samaki kwenye treni ya Kabalo, akaegemeza paji la uso juu yake. Hakuna aliyemfukuza. Mtu mrefu kuliko mlango, mikono kama makasia, meno ya mbele hana hata moja: nani angeanza?

Odile, mdogo wake, mwalimu, alitoka shuleni moja kwa moja na bahasha iliyoletwa pale, chaki bado vidoleni.

“Ni ya klabu,” Bonaventure alisema, akigusa alama ya dubu aliyeshika fimbo. “Nisomee. Herufi zinanikimbia.”

“Nyumbani, Yaya,” Odile akamjibu kaka yake mkubwa. “Hapa kuna kelele.”

Kelele haikuwa sababu. Odile alitaka aisome kwanza peke yake.

Bonaventure alizaliwa mwaka 1949, wakati Kalemie bado ikiitwa Albertville. Baba yake alikuwa Mbelgiji wa reli, akaondoka bila kumwachia kitu isipokuwa ile rangi yake. Alipofika miaka tisa, masista wa misioni walikuja na gari, wakamchukua pamoja na watoto wengine sita waliofanana naye, wakawapeleka Ulaya kusoma. Mama yake, Mama Emérance, aliambiwa mtoto atarudi likizo. Alirudi Machi 1983, kwa treni, na sanduku moja na Kiswahili cha mtoto wa miaka tisa. “Mama, tumbo inaniuma. Mama, nataka bugali.” Majirani walicheka kulisikia jitu lile likisema hivyo. Mama Emérance hakucheka. Alisonga bugali.

Jumapili ya kwanza, baada ya misa, Bonaventure alifungua sanduku awaonyeshe watu kazi aliyoifanya maisha yake yote. Akatoa viatu vyeusi vyenye kisu kirefu cha chuma kwenye soli, na fimbo iliyopinda mwisho, ya mchezo wa magongo wa barafuni.

“Sasa, Bonaventure,” akauliza Papa Siméon, katekista wa mtaa, “ulikuwa unakimbia juu ya maji?”

“Maji yaliyoganda, Papa.”

“Petro alitembea juu ya maji laini, akazama. Na wewe ulizama?”

“Mara nyingi.” Akaonyesha pengo la meno, watu wakaangua kicheko.

“Na mabao? Ulifunga mangapi?”

“Manne. Kwa miaka kumi na mitatu.”

Kicheko kikakatika. Waliona haya kwa ajili yake.

“Kazi yangu haikuwa kufunga,” Bonaventure alisema bila kukasirika. “Muntu akimpiga mudogo wetu, kocha ananiangalia. Mimi naingia, nampiga. Hiyo njo kazi yangu.”

“Wanakulipa kwa kupigana?”

“Kwa kupiga, na kwa kupigwa.”

“Ayi! Sisi huku tunafanya bure,” akasema Papa Siméon, na kicheko kikarudi.

Kwa Odile peke yake aliongeza mengine, siku nyingine, wakichambua mchele. Kwamba akipiga, uwanja mzima ulimwimba jina. Kwamba akikaa benchi, watu wale wale walimwita kwa majina ya wanyama. “Lakini juu ya barafu najua pa kwenda, Odile. Miguu inajua. Hapa natoka sokoni, sijui nyumba iko wapi.”

Ilikuwa kweli. Alipotea mara tatu ndani ya mtaa wa Kataki. Na chini kabisa ya sanduku, Odile alipokuwa akikunja nguo, alikuta karatasi ya daktari kwa Kifaransa. Pigo moja tu tena la kichwa, daktari aliandika, linaweza kumpofusha au kumuua. Na hata bila pigo, kumbukumbu itaendelea kupotea. Odile aliirudisha karatasi mahali pake. Hakumwambia mtu.

Kwa hiyo siku ile ya Oktoba alisimama nyuma ya jiko, akaifungua barua ya klabu. Karatasi mbili, zimepigwa kwa mashine. Vijana wetu wanapigwa kila Jumamosi na hakuna wa kuwasimamia. Njoo kabla ya mwisho wa Januari kwa mechi za mwisho. Tiketi ya ndege inakungoja Bujumbura. Kila mtu anakuulizia.

Bonaventure alikuwa kizingitini, mikono magotini, akingoja.

Odile alikuwa msichana wa sauti ndogo. Alisoma chuo cha ualimu Bukavu miaka mitatu, na katika miaka mitatu hiyo hakuinua mkono darasani hata mara moja. Shuleni kwake aliitwa Citoyenne Kisimba, yaani Mwananchi Kisimba, maana majina ya ubatizo Serikali ilikuwa imeyafuta, yakabaki ya nyumbani na ya kanisani. Hakuwahi kumdanganya mtu mzima. Siku hiyo alidanganya akitazama karatasi.

“Wanakushukuru kwa kazi yako, Yaya. Wamepata mwingine. Hawatakuita tena.”

“Hawanitaki?”

“Hapana, Yaya.”

Bonaventure aliichukua barua, akaikunja mara nne, akaitia mfuko wa shati. Akaingia ndani, akakaa kitandani akitazama ukuta. Mama Emérance alipomwita kula, hakuja. Usoni machozi yalishuka bila sauti, kama mtu ambaye hajui kwamba analia.

Odile alijipa moyo. Ni kidonda kimoja, kitapona. Afadhali alie akiwa hai.

Hakuufikiria ugonjwa wenyewe.

Kesho yake, saa tisa, aliporudi kutoka shuleni, alimkuta kaka yake amekaa pale pale kizingitini. Alikuwa ametia mkono mfukoni, akakuta kitu, akakitoa. Uso uling'aa kama wa mwanafunzi aliyeona jina lake kwenye orodha ya waliofaulu.

“Odile! Barua ya klabu imefika. Nisomee.”

Alisimama na vitabu kwapani. Akamtazama vizuri, akadhani anatania. Hakuwa anatania. Akaisoma tena, maneno yale yale, na Bonaventure akauliza kwa sauti ile ile, “Hawanitaki?” Akaingia ndani, akakaa, akatazama ukuta.

Ikawa hivyo kila siku. Asubuhi alikuwa mtulivu, akaenda kwenye barafu yake, akarudi. Saa tisa mkono uliikuta barua. Odile alijaribu kulainisha. Akaongeza shukrani ndefu, akambunia medali, akasema klabu imetundika shati lake ukutani. Bonaventure alisikiliza yote kwa adabu, akingoja sentensi moja tu.

“Lakini nirudi?”

“Hapana, Yaya.”

“Hawanitaki?”

Wiki ya tatu aliificha barua chini ya gunia la mihogo. Bonaventure, mkono ulipokuta mfuko mtupu, aligeuza nyumba nzima, akamwaga unga, akatoka kwenye mvua hadi posta kuuliza kama hakuna barua yake, akaanguka kwenye mtaro. Watu wa posta walimrudisha akitoka damu sikioni. Odile akairudisha barua mfukoni mwake kwa mkono wake mwenyewe.

Darasani sauti yake ilizidi kupungua. Akiwasomea watoto imla, watoto wa nyuma waliomba, “Citoyenne, hatusikii.” Kengele ya mwisho, ambayo walimu wote waliingoja, yeye aliiogopa.

Mwanzo wa Desemba, Mama Emérance alikuwa akitwanga sombe, majani ya mihogo, uani. Aliuacha mchi ndani ya kinu.

“Odile, kuja hapa. Ile barua inasema nini?”

“Nimeshasema, Mama. Hawamtaki.”

“Mimi sikusoma. Lakini macho niko nayo. Wazungu hawapotezi karatasi mbili kwa kusema hapana.”

Odile alikaa chini, palepale kwenye udongo, na sketi yake ya shule. Akamweleza yote: Januari, tiketi, karatasi ya daktari.

Mama Emérance alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaanza kuongea polepole, akichomoa nyuzi za majani yaliyoshika kwenye mchi.

“Walipomuchukua, miaka mitatu nilienda misioni. Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi. Sista Marthe anafungua daftari, anatafuta jina, ananiambia, ‘Mama Emérance, likizo inayokuja.’ Alijua toka siku ya gari kwamba hawatarudi. Alikuwa na huruma, yule sista. Macho yake yalikuwa sawa na yako. Aliogopa nitajitupa mtoni Lukuga. Angeniambia kweli, ningelia mara moja. Nililia mara thelathini na sita.” Akamtazama binti yake. “Na wewe, umemutoa mutoto wangu machozi mara ngapi?”

Odile alihesabu kimoyomoyo. Hamsini na moja.

“Akienda atakufa, Mama.”

“Najua. Nimesikia.” Mama alichukua mchi. “Mara ya kwanza aliondoka, hakuna aliyemuuliza yeye wala mimi. Mara hii aulizwe mwenyewe.” Akapiga kinu, na mazungumzo yakaishia hapo.

Siku iliyofuata, Jumanne tarehe sita, saa tisa, Odile alikaa kizingitini kando ya kaka yake. Akasoma barua kama ilivyoandikwa. Vijana wanapigwa. Njoo. Kila mtu anakuulizia.

Bonaventure alisimama, akaingia ndani, akatoka na sanduku. Viatu vya visu vilining'inia shingoni kwa kamba zake.

“Twende, Odile. Vile vitoto vitauawa.”

Mama Emérance alitoka kumuaga. Alimshika shavu moja tu, kwa mkono uliolowa, akarudi jikoni upesi.

Walishuka mpaka bandarini. Meli ya Bujumbura ilikuwa ya Ijumaa, na mlinzi wa geti aliwaambia hivyo, lakini Bonaventure alisema atangoja. Wakakaa juu ya sanduku, ziwa mbele yao, mashua iliyoleta saruji kutoka Kabimba ikipakuliwa. Alimweleza Odile habari za wachezaji wenzake kwa majina, nani aliyahofia meno yake, nani alimwita mama yake kila alipoanguka. Alicheka. Odile hakuwahi kumsikia akicheka hivyo, kicheko cha tumboni, kikubwa. Alimsikiliza huku akifikiri: Ijumaa nitampoteza. Nimemuua kaka yangu kwa mdomo wangu.

Upepo uliinuka. Upakuaji ulikwisha, vibarua wakajifuta vumbi la saruji, wakaenda zao. Bonaventure aliangalia viatu kifuani pake, halafu sanduku chini yake, akainuka nusu kana kwamba amekalia mali ya watu.

“Odile, hili sanduku la nani? Nani anasafiri?”

Odile akaelewa.

Ijumaa ilikuwa mbali mno kwa kaka yake. Hata hadi giza asingeweza kuikumbuka ile habari. Kweli isingempeleka popote, si leo, si ile siku ya Oktoba. Siku hamsini na moja angeweza kumpa kicheko kile, na siku hamsini na moja alimpa ukuta.

“Hakuna anayesafiri, Yaya,” alisema. “Twende nyumbani.” Akataka kubeba sanduku. Kaka yake akamnyang'anya, akisema yeye bado mudogo.

Tangu hapo alisoma kweli. Kila saa tisa Bonaventure alifunga sanduku, kila saa kumi waliketi bandarini, na mlinzi wa geti akajifunza kumwambia, “Bado kidogo, Papa.” Ijumaa tu Odile alimpitisha njia ya sokoni, wasiione meli. Januari iliisha. Odile aliendelea kusoma “kabla ya mwisho wa Januari”, na Bonaventure akiuliza tarehe, alijibu Desemba. Uongo huo mdogo hakuweza kuuepuka. Usiku alipoyatoa mashati sandukuni na kuyarudisha kambani, hakuhisi kwamba amesamehewa.

Machi umeme wa Bendera ulikatika, ukakaa wiki nne. Depo ilifungwa, samaki wakaanikwa, barafu haikuwepo Kalemie nzima. Mama Emérance alimfunga mwanawe kichwani kitambaa kilicholowa maji ya ziwa, akakibadilisha kila kilipopata moto. Bonaventure aliacha kwenda bandarini. Mguu wa kushoto ulianza kuburuzika. Aliita watu kwa majina ambayo hakuna aliyeyajua.

Alasiri moja Odile aliingia uani na blauzi yake nyeupe, daftari la mahudhurio kwapani. Kaka yake alikuwa kizingitini. Mkono ulikuwa umeikuta barua. Aliishika kwa ncha za vidole, akaigeuza upande huu na ule, hakuifungua. Alipomwona Odile alisimama wima, visigino pamoja, kama watoto wanavyofundishwa kusimama mkubwa anapoingia. Akamnyooshea ile karatasi.

“Sista, nimeokota hii. Si yangu.”

Odile aliipokea.

“Sista,” akaendelea kwa sauti ndogo, “likizo ni lini? Mama ananingoja.”

Daftari lilimponyoka Odile, hakuinama kuliokota.

“Leo,” alisema.

“Bya kweli?”

“Kweli. Leo.”

Alimshika mkono, mkono ule mkubwa wenye vifundo vilivyovunjika, wakazunguka nyumba taratibu, mguu ukichora mstari mchangani. Nyuma, Mama Emérance alikuwa ameinama juu ya mkeka akigeuza ndagaa.

“Mama,” Odile aliita. “Mutoto wako amerudi.”

Mama Emérance aliinua kichwa. Aliwatazama wote wawili, akaona barua mkononi mwa Odile, akaona jinsi mwanawe alivyosimama. Akajipangusa magamba kwenye kitenge, kidole kimoja kimoja.

“Umekawia, Bonaventure.”

“Masista walikataa, Mama.”

“Najua,” alisema. Akasogeza ndagaa, akamwachia nafasi kwenye mkeka. “Kaa. Utakula.”