Kigingi cha Ishirini na Saba

Editha aliamka alfajiri, akafagia kiwanja cha makaburi mara mbili. Ni hofu tu. Siku hiyo mgeni wa ng'ambo, mtoto wa askari mmoja aliyezikwa hapo, alikuwa anakuja Kilosa kuona kaburi la baba yake.

Kiwanja chenyewe kilikuwa hospitali ya jeshi, vita ile Mwingereza alipomfukuza Mjerumani. Askari walioletwa kwa meli kutoka mbali walilazwa hapo kwenye mahema, na homa iliwamaliza wengi kuliko risasi. Lukasi, baba yake Editha, alikuwa mbeba machela, tena mchimba makaburi. Vita ilipokwisha aliachiwa jiko la hospitali akae, atunze makaburi thelathini na sita, kila moja na kigingi chake cha chuma chenye namba. Alipofariki, jiko na vigingi vikabaki kwa binti.

Sasa ulikuwa mwaka wa tisini na nne, serikali inauza kila kitu, hata vile ambavyo mtu mwenye akili zake asingevitaka. Mfanyabiashara mmoja alikitaka kiwanja ajenge ghala. Melkizedek, karani wa ardhi, alimweleza Editha waziwazi: "Mama, mgeni akiiandikia serikali barua kwamba kaburi amelikuta, kiwanja hakiguswi. Asipoandika, utafute pa kulala."

"Kaburi lipo," Editha alijibu, akaangalia chini.

Lipo, ndiyo. Ila wapi? Mto Mkondoa ulipofurika miaka mingi nyuma, mzee Lukasi angali hai, maji yaling'oa vigingi vyote. Baba na binti walivikusanya kwenye karai, wakavuta kamba ya kupandia mahindi kama bwana shamba alivyowafundisha, wakavipigilia kuanzia moja hadi thelathini na sita, hatua mbilimbili. Palipendeza hata wapita njia wakasifu! Miezi kadhaa baadaye ndipo mzee Lukasi alipokumbuka kwamba wafu hawakuzikwa kwa mpangilio wa mahindi. Alimwambia binti yake tu, na Editha naye akafunga mdomo.

Saa nne gari likasimama. Akashuka bibi mwembamba wa miaka sabini na saba, aliyezaliwa baba yake akiwa ameshazikwa. "Shikamoo," alisema, neno pekee alilofundishwa njiani. Editha aliona aibu kuamkiwa na mtu aliyemzidi umri, akapiga goti akamwamkia yeye.

Melkizedek aliwaongoza mpaka kigingi cha ishirini na saba, namba ambayo daftari la jeshi lilimpa baba wa bibi. Bibi alikigusa kigingi kwa ncha za vidole, na Editha akashindwa kuvumilia.

"Mwambie kweli," alimwambia karani. "Mto uliving'oa. Tulivirudisha kwa kamba. Hatujui nani kalala wapi."

Melkizedek alimkodolea macho, kisha akasema maneno machache kwa Kiingereza. Bibi akatabasamu, akamshika Editha mkono, halafu akapiga magoti na kuanza kuongea na udongo, polepole, kama mtoto anayemsimulia baba habari za shule.

"Umemwambia?"

"Nimemwambia unamkaribisha. Nyamaza, mama, nakuokoa."

Editha alimwonea bibi huruma. Aliwaza paa lake, aliwaza uzee wake, akaogopa sana. Kiingereza hakuwa nacho. Akainama, akakishika kigingi kwa mikono miwili, akakitikisa, akaking'oa na kumkabidhi bibi.

"Mama, umejimaliza!" Melkizedek alipiga kelele.

Bibi alikitazama kile chuma, akamtazama Editha, kisha akaelekeza kidole ardhini na kuinua nyusi, kuuliza: basi yuko wapi? Editha akanyoosha mkono, akauzungusha taratibu kwenye kiwanja chote, kutoka jikoni mpaka kingo za mto.

Bibi alielewa. Alikaa chini, kigingi mapajani, Editha akakaa ubavuni mwake, wakalia pamoja mpaka dereva akaja kumwita. Waliagana kwa kukumbatiana.

Barua ile bibi hakuiandika. Masika yalipoanza, Editha alikuwa amehamia kijiji cha Masanze, kwa mtoto wa shangazi yake.