Kichwa cha Ralitsa

Mwanangu Plamen alikuwa na klabu ya kompyuta chini ya nyumba yetu hapa Sevlievo, mashariki mwa Ulaya, enzi vijana walipofyatuliana risasi kwenye skrini wakiwa wamekaa bega kwa bega. Wakati ule kuiba kwenye mchezo kulikuwa ni kuchungulia skrini ya jirani. Plamen alizunguka nyuma ya viti akitafuna mbegu za alizeti, na akimwona mtu anachungulia, anamzimia mashine. Kesi imekwisha.

Baadaye kila mtu akapata intaneti nyumbani kwake. Klabu ikafungwa, nikaweka humo mitungi yangu ya pilipili za kuchoma. Ndipo wezi walipostarehe. Zikatoka programu za kumwonyesha mtu adui aliyejificha nyuma ya ukuta, na nyingine za kumlengea bunduki. Wenye michezo wakatengeneza programu za ulinzi, wezi wakazipita, ulinzi ukaingia ndani zaidi, hadi kwenye utumbo wa kompyuta. Kwenye mashindano makubwa wakaongeza kamera, ili refa aone uso wa mchezaji na mikono yake.

Hivyo ndivyo kamera ilivyofika jikoni kwangu, maana Ralitsa, binti wa Plamen, huchezea hapo. Jumamosi hiyo timu yake ilikuwa inagombea kuingia ligi ya Ulaya. Amecheza kwa jina lilelile tangu yuko shule. Ukikamatwa unaiba, jina hilo linafungiwa maisha, na hakuna timu itakayokugusa.

Wakati wa mapumziko nikatoa banitsa, andazi letu la matabaka, kwenye oveni, inanukia jibini na siagi.

"Unataka, bibi wee?" Sisi bibi na mjukuu tunaitana hivyo.

Akachezesha kichwa kulia na kushoto, nikamkatia kipande kikubwa cha pembeni. Akakisokomeza chote mdomoni.

Papo hapo refa akatokea kwenye skrini, Mdenmaki aitwaye Jeppe. Alizungumza Kiingereza, Ralitsa alinitafsiria baadaye. Wapinzani wamelalamika kwamba alipiga risasi ukutani kabla adui hajajitokeza. Je, anatumia programu ya kumsaidia?

Mdomo umejaa. Ralitsa akainua kichwa juu, akashusha, akainua tena, kwa hasira. Jeppe akaandika kitu. Mchezo ukasimamishwa, na jina lake likafungiwa.

Plamen alishuka ngazi mbio, simu mkononi. "Wanasema umekiri!"

"Mimi? Nimemkatalia waziwazi!"

"Kwa mdomo?"

"Kwa kichwa."

"Kichwa cha hapa au cha kwao?"

Ralitsa aliacha kutafuna. "Baba," akasema polepole, "kumbe nimemwambia ndiyo." Kwetu kichwa kikienda juu ni hapana, kikienda kulia na kushoto ni ndiyo; kwao ni kinyume.

Aliwaandikia. Jeppe akajibu kwamba programu ya ulinzi haikukuta kitu, lakini mtu akikiri amekiri. Ralitsa akamwomba jambo moja tu: arudishe video nyuma kidogo, amtazame bibi.

Nilikuwa nafuta sahani nyuma yake Jeppe aliporudi kwenye skrini. Alikuwa ameona kikongwe mwenye kisu anauliza, msichana anakataa kulia na kushoto, kikongwe hajali, anakata, na msichana anakula kama katoka vitani.

"Kwa hiyo ile keki uliikataa?"

"Banitsa? Nani anaikataa banitsa?"

Nilimwona Jeppe akijaribu kuchezesha kichwa chake mwenyewe, kwanza huku, halafu kule.

"Na ule ukuta?"

"Nilisikia hatua zake. Alikuwa anakimbia kama ng'ombe."

"Nakuuliza upya, unijibu kwa mdomo. Ulitumia programu?"

"Hapana," akasema, na kichwa kikaenda juu kama kawaida yake.

"Kichwa kitulie, tafadhali," Jeppe akasema, akicheka.

Jina lilifunguliwa. Wakamalizia mchezo, wakafungwa vibaya, ligi hawakuingia. Jioni hiyohiyo waandaaji wakaweka kanuni mpya: mchezaji akiulizwa, ajibu kwa sauti.

Ralitsa ameizoea kanuni. Sasa nikimuuliza kama anataka chakula, anakaza shingo, macho kwenye skrini, anasema, "Ndiyo, Bibi," kama yuko mahakamani. Namkatia. Lakini kwanza nasubiri kidogo na kisu mkononi, nione kama kichwa nacho kitasema ndiyo.