Uso wa Bwana Nyuma

…tangu Ijumaa ile, tarehe tisa Februari 1973, saa nne asubuhi, moyo wa mume wangu Mwinjuma uliposimama kwenye kituo cha basi la Longbridge, huku ugenini kwa Waingereza, kila nikifumba macho kumwombea anakuja huyu, huyuhuyu mwigizaji wa Kijapani aliyefanana naye, aliye mbele yangu kwenye pazia la sinema, ameshika kikombe cha chai, hajanywa bado… astaghfirullah, uso wa mtu mwingine katikati ya dua yangu, na picha zetu zilibaki Unguja, sina hata moja, nikimsahau nitamtoa wapi… "Wifi, chukua njugu," ananinong'oneza Kijakazi, dada yake Mwinjuma, yeye ndiye aliyenileta hapa sinema ya Moseley, ati nichangamke, eda imekwisha, "yule mtu wenu yumo"… mtu wetu, kweli, Mwinjuma ndiye aliyemwita Bwana Nyuma, kwa kuwa kila filamu yupo nyuma ya shujaa, vita vilipokwisha kule kwao alicheza askari aliyerudi na matambara, kisha mwizi, polisi, mtumishi wa hamamu, miaka ishirini na ushei hajapewa filamu iwe yake, na kila mara anakufa kabla ya mwisho, "Maskini, filamu zake mwenyewe hajui zinavyokwisha," Mwinjuma akisema, watu wakituzomea tunyamaze… na leo akifa? akifa mbele yangu na uso ule, nitazika mara ya pili, Mola wangu, asianguke, anywe tu chai yake… "Ebo, kazeeka huyo! Meno kayaweka wapi?" anasema Kijakazi, nami natazama, kweli, mashavu yameingia, shingo imelegea, amefika uzeeni peke yake, hawafanani tena… basi ni nani niliyekuwa namwona… na mbona hacheki, miaka yote ile hatukumwona akicheka, hawakumpa hata kicheko kimoja, na Mwinjuma alicheka, jicho la kushoto likitangulia kufumba, mkono mdomoni kuficha jino lililovunjika, huyo, Mwinjuma wangu huyo hapo, usiondoke… kikombe bado ki mkononi mwa mzee, hajanywa, naogopa hata kupepesa… Ee Mola, huyu ndiye ninayemwombea, mwenye jino lililovunjika, si mwingine, mpanulie kaburi lake, mwondolee kiza, umpokee akicheka, amina.