Suruali kwenye Kamba

Kila Jumatatu, kabla hajafungua chumba cha dawa, Kaloki, muuguzi wa zahanati, alipita nyuma ya nyumba aliyopewa kugeuza nguo zake kambani. Suruali mbili, shati la kazi na shuka. Alizikung'uta vumbi, akazibana upya kwa mpangilio mwingine, zionekane zimefuliwa jana.

Sheria ilimtaka muuguzi alale ndani ya boma la zahanati. Lakini tangi la nyumba hiyo lilikuwa limepasuka, choo kimetitia na popo wamejaa darini. Kaloki alilalamika mpaka akachoka. Basi yeye akalala kwake, mjini Salama, na mke na watoto, nguo zikalala huku milima ya Kilungu.

Jumatatu moja Ngure, mkaguzi wa zahanati, alifika bila kutangaza. Alizunguka boma, akaiona kamba, akaridhika.

"Afadhali wewe. Wenzako nakuta makufuli yameshika kutu."

Kaloki alicheka kidogo. Kabla hajajibu, Mutindi, mama mkulima wa pale jirani, aliingia langoni na kiondo cha avokado. Macho yake yalikuwa mekundu.

"Daktari, nimetoka hospitali kubwa. Msichana wangu bado amelazwa."

"Ana nini?" Ngure aliuliza.

"Nyoka. Jumamosi, akiokota kuni. Nikambeba mpaka hapa, nikabisha, kimya. Lakini nguo zilikuwa kwa kamba, nikajua daktari ameenda tu hapo sokoni kutafuta mboga. Nani huacha nguo nje aende mbali? Tukakaa hapo mlangoni. Jua likazunguka, hatuoni mtu. Mguu ulipokuwa kama gogo, ndiyo nikatafuta pikipiki."

Kaloki alimsogelea. "Wanasemaje?"

"Wanaukata leo. Chini ya goti." Alimwekea kiondo miguuni. "Ni mimi nilikosea. Ningekufuata sokoni. Na unisamehe vile niligonga huo mlango, nilikaribia kuuvunja."

Kaloki alitazama avokado. Zilikuwa kubwa, zimechaguliwa moja moja.

Ngure alikohoa. "Kaloki, Jumamosi ulikuwa wapi?"

"Alikuwa hapa," Mutindi akadakia. "Mzee, usimharibie kazi kwa sababu yangu. Nguo niliziona na macho yangu."

"Basi imeisha. Mama ameshuhudia." Ngure alikuwa ameshageuka kuelekea gari. Alikuwa na haraka. Yeye mwenyewe alikuwa akilala Nairobi, mbali na kituo chake.

Kaloki angeweza kunyamaza. Kunyamaza kulikuwa rahisi, na kule Salama watoto walikuwa wakila kwa kazi hii. Jumamosi hiyo, mama huyu akigonga, yeye alikuwa nyumbani kwake, viatu amevua, anatazama mpira.

Aliiendea kamba akaanza kutoa vibanio. Mutindi akamfuata kumsaidia, kama jirani yeyote angefanya.

"Ngoja kwanza, daktari. Zitakuwa bado mbichi."

"Hazijawahi kulowa, mwaitu, mama yangu." Alipaza sauti, imfikie Ngure mlangoni mwa gari. "Mimi silali hapa. Jumamosi nilikuwa Salama."

Ngure alisikia. Alimtazama kidogo, kisha akaingia, akapandisha kioo na kuwasha gari.

Mutindi alikuwa ameshika mguu wa suruali. Aliuachilia, akaangalia vumbi lililobaki kiganjani, kisha akaangalia mlango aliougonga Jumamosi.