Bao la Kupewa

Kocha Lakhdar alipandwa na hasira, akaitoa filimbi mdomoni.

"Rudia, Papa André. Rudia nisikie vizuri."

Papa André, fundi cherehani wa mtaa wa Doornfontein, Johannesburg, na mwenyekiti wa timu, alirudia huku akitazama chini. Jumamosi walikuwa wacheze na vijana wa Kizulu wa hosteli ya wafanyakazi ya Jeppestown, mechi ya amani yenye kombe lake. Sasa kamati ya wahamiaji, wenye timu ya Lakhdar, imekaa na kukubaliana kwamba timu hiyo ifungwe. Hata moja bila inatosha, mradi ifungwe.

"Nani amewaomba?"

"Hakuna aliyetuomba. Lakini kocha, hii ni Mei tu, yale ya Aprili umeyasahau? Maduka yetu sisi wageni yalivunjwa, watu wakalala kituo cha polisi na watoto wao. Tukiwafunga hawa mbele ya ndugu zao, unadhani watarudi kulala tu? Mimi nina mabinti watatu. Wanapita pale kila siku kwenda shule."

Ebo! Hakuna aliyeomba, ila watu wazima na akili zao wamekaa kitako, wakanywa chai, wakaigawa mechi bure!

Na wakaja kumwambia nani? Lakhdar! Mtu wa Annaba, Algeria, aliyecheza winga ya kulia miaka tisa na mabeki wakimkaba wawili wawili. Msimu wake wa mwisho huko, rais wa klabu aliingia chumba cha kubadilishia nguo na suti yake, akasema klabu jirani ikishuka daraja mji hautakalika, kwa hiyo leo tuwaachie. Lakhdar ndiye aliyekuwa kapteni. Akapata penalti, akaipiga nje makusudi. Alipoinua macho jukwaani alimwona baba yake anasimama, anavaa kofia, anaondoka. Mzee hakumgombeza. Hakuzungumza naye tena habari ya mpira mpaka anazikwa, na hilo lilimuuma kuliko kugombezwa.

Mwaka uliofuata akasaini mkataba Johannesburg. Msimu wa pili goti likavunjika, akabaki hapo hapo. Mchana anachomelea mageti kwenye karakana moja Jeppestown, jioni anafundisha mpira. Kiswahili alikiokota kwa wachezaji wake, Wakongo na Warundi, akianzia na matusi.

"Hapana," alisema. "Kazi hiyo nilishaifanya mara moja. Sirudii."

"Wewe huna mtoto hapa, ndugu yangu," Papa André akasema polepole.

Neno hilo lilimkata maini. Matusi yalimjaa mdomoni, lakini utamjibu nini mtu mwenye mabinti watatu? Akatupa filimbi kwenye nyasi, akazunguka uwanja mzima peke yake, aliporudi akakubali. Ndiyo, alikubali! Akamwita Hénock, kipa wake, mlinzi wa jengo moja huko Hillbrow, akamwambia aachie bao moja. Hénock alimtazama kama mtu anayesubiri kuambiwa ni utani.

"Sawa, kocha," alisema mwishowe. Lakhdar akatamani angekataa.

Jumamosi, dakika ya ishirini, vijana wa hosteli walipiga shuti la kichovu, mpira unatambaa, hata mtoto wa chekechea angeuokota. Hénock akaangukia upande wa pili. Bao! Watu wachache walishangilia, kisha wakanyamaza. Mfungaji mwenyewe alisimama mikono kiunoni, akamkazia macho kipa. Papa André alishusha pumzi. Lakhdar alitema mate chini.

Wakati wa mapumziko kocha wa hosteli, mzee Khoza, alivuka uwanja peke yake. Wachezaji wa Lakhdar wakarudi nyuma, mmoja akaanza kutafuta njia ya kutokea. Khoza aliongea Kizulu taratibu, na Lakhdar, baada ya miaka kumi na tisa mjini hapo, hakukosa hata neno.

"Baba, nimefundisha mpira miaka thelathini. Kipa wako nimeshamwona akidaka. Unanifanya mjinga?"

Lakhdar akainamisha kichwa.

"Mmekaa mkaamua kwamba tukifungwa tutawaua. Si ndiyo? Sisi ni wanyama, tutupiwe nyama tutulie. Waliovunja maduka wana majina, nendeni mkawataje! Huyu wangu namba saba alimficha shemeji yake Mkongo siku tatu chumbani kwake. Siku tatu! Leo amekuja kucheza mpira, nanyi mnamtupia mfupa. Eish, mna dharau nyinyi!"

"Mzee, samahani, hatukuwa na nia..." Papa André alianza.

"Nyamaza, Papa André!" Lakhdar alifoka. Uso ulikuwa unamwaka kwa aibu, na aibu ilizidi kumkasirisha. Akawageukia wachezaji. "Kipindi cha pili, atakayekwepa mpira nitamvua jezi hapa hapa, mbele ya mama yake. Hénock, umesikia?"

"Nilikuwa nasubiri useme, kocha."

Basi ukachezwa mpira! Walikanyagana, wakasukumana, wakasaidiana kuinuka. Timu ya Lakhdar ikasawazisha kwa krosi iliyounganishwa hewani. Hosteli wakaongeza la pili kwa kichwa, bao safi ambalo hakuna kipa angelizuia. Hénock akapangua mashuti matatu mengine. Papa André, baba wa mabinti watatu, alikuwa ameruka hadi kwenye mstari akipiga kelele, "Piga! Piga, jamani!" Dakika ya mwisho mpira ukagonga mwamba, na refa akamaliza. Mbili moja.

Khoza alikabidhiwa kombe. Hakuliinua. Alilibeba hadi kwa Lakhdar.

"Mmetushinda," Lakhdar alisema, akanyoosha mkono.

"Nani kakwambia? Toa lile mlilotupa bure, inabaki moja moja. Vijana wangu wakiulizwa kama waliwafunga, wajibu nini?"

"Turudiane. Jumamosi ijayo, hapa hapa."

"Na siku hiyo nitakuamini vipi?"

Mkono wa Lakhdar ulibaki hewani. Khoza aliliweka kombe chini kwenye vumbi, akawaita vijana wake, wakaondoka.

Hénock akainama kuliokota.

"Liache!" Lakhdar alimfokea, sauti ikikwaruza. "Hakuna aliyelishinda."